Kesi ya Kuku na Wajukuu wa Waithira

Bibi Wangari,

Keti vizuri nikueleze, maana habari niliyo nayo ikibaki kifuani siku moja zaidi nitapasuka. Waithira amebaki na wajukuu wake! Wote! Afisa ametia sahihi, muhuri umegongwa, na lori limeondoka Bunda bila wao. Na aliyesimama pale kutafsiri ni mimi, Perpetua, karani wako mwenye ulimi mzito, kwa Kikikuyu kile kile ulichonifundisha huku tukichambua maharage.

Najua barua inavyoandikwa. Kwanza salamu, halafu hali ya afya, halafu dhumuni. Lakini salamu za huko uliko sijui zinaanzia wapi, na afya yako siwezi kuiuliza, kwa sababu nilikuwepo Butiama siku ile na nilitupia udongo kwa mkono wangu. Kwa hiyo nimeruka yote nikaenda kwenye dhumuni. Ungekuwepo ungesema, "Karani, pumua kwanza." Haya, nimepumua.

Nakuandikia nikiwa nyumbani Nyasho, hapa Musoma, Jumamosi asubuhi, saa zile ambazo zamani ningekuwa njiani kuja kwako. Upepo wa ziwa unanisumbua karatasi, nimeziwekea kikombe juu. Ni zile fomu za mahakama ya mwanzo, naandika upande wa nyuma. Serikali iliponipunguza kazi niliondoka na furushi zima la fomu, na wewe ulikuwa ukinicheka kwamba hicho ndicho kiinua mgongo nilichopewa.

Unakumbuka nilivyokuja mara ya kwanza? Nilikuja na kilo ya sukari na uongo. Ofisi ya misaada ya kanisa ilitaka mtu anayejua mambo ya mahakama na anayesikia Kikikuyu, kwa sababu watu waliochomewa nyumba zao ng'ambo, Kenya, walikuwa wameanza kuvuka mpaka, na baadhi yao walikuwa wazee wa mashambani, Kiswahili chao hakifiki mahali pa kutoa maelezo na kula kiapo. Mambo ya mahakama nayajua, nimekaa na mihuri miaka mingi. Kikikuyu sikujua hata cha kuombea maji. Waliponiuliza nikajibu "kidogo", kwa sauti ya mtu mnyenyekevu anayeficha ujuzi wake. Wakanipa kazi, na miezi miwili ya kujiandaa! Nikahangaika mji mzima wa Musoma mpaka mama mmoja muuza dagaa pale Mwigobero akaniambia Butiama kuna bibi Mkikuyu, mjane wa Magoti, aliyeletwa huko na mumewe zamani, mume alipokuwa kibarua kwenye mashamba ya Kenya.

Uongo wangu uliugundua kabla sijamaliza chai. Ulicheka mpaka ukajishika ubavu. "Wewe mtoto wa Kijita, umekubali kuapishwa kwa lugha usiyoijuaga?" Kisha ukanisukumia ungo wa maharage, ukasema nichambue, kwa sababu mikono ikikaa bure kichwa nacho kinasinzia.

Nilikuwa na daftari lenye orodha ndefu: shahidi, kiapo, mlalamikaji, mpaka wa shamba, mrithi. Nilitaka uniambie neno moja moja niandike pembeni, nirudi zangu Musoma. Ukalichukua daftari ukalikalia. Kweli, Bibi, ulilikalia! Ukasema maneno ya kesi hayafundishiki bila kesi. Ndipo ukamwita yule kuku wako mwekundu mwenye kishungi, uliyemtuhumu kwamba kala uwele ulioanikwa, ukamfanya mshtakiwa.

Sijasoma chuo chochote kilichonifurahisha kama kile. Ulijifunga kanga kichwani ukawa hakimu. Mimi wiki moja nilikuwa mwendesha mashtaka, wiki nyingine wakili wa kuku. Kesi ni ciira, shahidi ni muira. Kuuliza "ulimwona kwa macho yako au uliambiwa?" nilijifunza kwa kumhoji jirani yako aliyekuwa akipita na ndoo kichwani, naye hakuelewa hata neno moja, akaitikia tu kwa heshima. Nilipokosea uliahirisha kesi. Nilipopatia pia uliahirisha. Nikakuuliza hukumu lini, ukasema ikitoka hukumu mimi sitarudi tena Butiama, na maharage atachambua nani.

Kulikuwa na neno moja ulilolipenda kuliko yote: kihooto. Ulinieleza mara nyingi na kila mara kwa namna nyingine. Si kelele, si machozi, si cheo cha mtu. Ni ile hoja iliyonyooka mpaka mpinzani wako mwenyewe anashusha mikono. "Ukikipata kihooto, Karani," uliniambia, "nyamaza. Waachie wenyewe." Na mimi kunyamaza ndiko kunakonishindaga, unajua.

Ngoja kwanza nikupe habari za nyumbani. Mwanao mkubwa amepalilia shamba lako la maharage, ila amekata ule mgomba wa mlangoni na nimemnunia. Kigoda chako kipo, hakuna anayekikalia. Mshtakiwa, Bibi, nisamehe, aliliwa kwenye msiba wako. Wageni walikuwa wengi na kitoweo kikapungua. Nilipewa paja lake nikalitambua kwa rangi ya ngozi, nikala huku nalia na nikicheka, shangazi mmoja wa kina Magoti akadhani nimepagawa. Kwa hiyo alikufa kabla ya hukumu, kama wewe.

Jumamosi ya mwisho sikuja. Najua unajua. Ofisi ilituita semina, nikajiambia nitakuja wiki inayofuata. Ulimtuma mtu aniambie kesi ya kuku haijaisha. Ujumbe ulinifikia Jumatatu na wewe uliondoka Jumapili. Hilo nimeliandika, sasa naliacha.

Na kuna jambo jingine la msiba lililoniuma. Kibali cha mazishi kiliandikwa "mjane wa Magoti". Msalaba umeandikwa "Bibi Magoti". Nikakumbuka ulivyonihadithia miaka ile ya foleni, sukari na sabuni zikitolewa kwenye duka la kijiji kwa kadi, na kadi yenu ilisema "Magoti, na mke". Ulisema umeishi Butiama miaka yote hiyo, umezaa, mpaka wa Kenya ukafungwa ukashindwa kwenda kumzika mama yako, ukafunguliwa wewe ukiwa huna tena wa kumwendea, na hakuna karatasi hata moja ya serikali yenye jina lako. Siku hizi sukari imejaa madukani mpaka inaliwa na sisimizi, watu wanachagua mitumba kama wako harusini, lakini karatasi ni zile zile. Ulikuwa ukisema hivyo huku unacheka. Haikuwa ya kuchekesha.

Sasa nije kwa Waithira.

Pale Bunda wale watu wamewekwa kwenye ghala la pamba la ushirika, lililobaki tupu tangu wanunuzi binafsi walipoanza kupita vijijini. Mpaka leo mbao zake zina nyuzi nyeupe, mtu akilala anaamka na mvi za bandia. Waithira ni bibi wa umri wako, mwembamba, ana mwendo wa kuinama kidogo kama aliyebeba kuni hata asipobeba. Alikuja na wajukuu tu. Mwanawe na mkwewe walipoteana nao kwenye kukimbia, na mpaka leo hajui kama wako hai. Karatasi zote ziliungua.

Lazima nikueleze tatizo la chakula, maana bila hilo utamwona Afisa kuwa mtu mbaya, na si mbaya. Mahindi yanagawiwa kwa kichwa. Wakatokea watu wakaanza kuazimana watoto, mtoto yule yule anapanga foleni na mama huyu asubuhi na mama mwingine mchana. Afisa wa ustawi akachoka. Akatoa amri kwamba mtoto ambaye undugu wake na mtu mzima haukuthibitika apelekwe kituo cha kulelea watoto, mkoa mwingine, hadi ndugu wapatikane. Mkoa mwingine, Bibi. Unajua mwenyewe mpaka unavyokatishaga watu.

Zamu ya Waithira ilikuwa Jumanne. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kutafsiri mbele ya watu tangu tukuzike, na nilivaa ile blauzi yenye vifungo vya dhahabu. Nilijiona. Nilimwamkia kwa adabu zote ulizonifundisha, nikamuuliza kijiji chake, mumewe alikufa lini, nyumba ilichomwa vipi. Alijibu vizuri na mimi nilitafsiri vizuri, hata wazee wa Kikikuyu waliokaa kando wakawa wanatikisa vichwa wakinikubali. Moyoni nikasema, Bibi, unaniona?

Tukafika kwenye mstari wa fomu unaosema idadi ya watoto. Nikamuuliza wajukuu ni wangapi. Akasema, "Ni hawa." Nikamuuliza tena. Akatazama pembeni. Afisa akagonga kalamu mezani. Na mimi, kwa kujifanya mwema, kwa kutaka kumsaidia bibi wa watu aliyeshindwa hesabu, nikanyoosha kidole nikaanza kuwahesabu wale watoto kichwa kwa kichwa, kwa Kikikuyu, kwa sauti, kama mwalimu wa chekechea.

Sitairudia hesabu ile hapa.

Waithira alivuta kanga yake akawafunika watoto vichwa, akatugeuzia mgongo. Wazee waliokuwa wakinikubali wakainamisha nyuso, na hakuna aliyeniambia nimefanya nini. Afisa akaniuliza, "Amesemaje?" Nikasema hajasema kitu. Akaandika, nami nilisoma anavyoandika kwa kuwa nimezoea kusoma maandishi yaliyogeuka: *Amekataa kutaja idadi ya watoto. Uhusiano haujathibitika.* Lori lilikuwa la Ijumaa. Yule mvulana mkubwa hakuelewa Kiswahili lakini alielewa kalamu, kwa sababu alikuwa ameshika pindo la gauni la bibi yake kwa mikono miwili.

Nilirudi Musoma nikiwa sina hamu ya kula. Nilikukasirikia, nakuambia ukweli. Nikasema moyoni, umekufa ukaniachia nusu ya lugha.

Jumatano asubuhi nilikuwa kwenye foleni ya bomba hapa Nyasho. Mama mmoja mbele yangu akawa anahesabu ndoo zake kwa kuzigusa: moja, mbili, tatu, hii ya nne ya nani? Na mimi nikakumbuka kidole changu. Halafu nikakumbuka mtu mwingine aliyetaka kuhesabu.

Unamkumbuka karani wa kijiji aliyekuja kwako kuandikisha kaya za kugawiwa mbegu za mtama? Nilikuwepo, nina ungo mapajani. Alikuuliza, "Bibi, una watoto wangapi?" Ukamwambia anywe uji kwanza. Akanywa. Akauliza tena. Ukaanza, "Yupo Wambura. Yupo Nyamhanga. Yupo Robi wangu aliyeolewa Suguti..." ukaendelea hivyo unatazama juu, na yeye anajichora vijistari mapajani kwa kalamu. Alipomaliza akafungua mdomo, "Kumbe ni—" na wewe ukapiga makofi pwaa! ukamfukuza mbuzi ambaye hakuwepo. Nilicheka mpaka maharage yakamwagika. Nilidhani unaichezea serikali.

Na ile jioni niliyokuambia kuku wamepungua, ukanikemea: "Usihesabuge vinavyopumua, Karani." Nilidhani ni ukali wa uzee. Bibi, najionea aibu kukuambia hili. Nilikwenda kulifungua daftari nikakuta nimeandika kwa mkono wangu: *Bibi hesabu hazimo.* Hazimo! Wewe uliyekuwa ukipima mbegu za maharage kwa kiganja bila kukosea hata punje, uliyejua miezi ya mimba za ng'ombe wa majirani wote! Ulijua kuhesabu kuliko mimi. Ulikuwa hutaki tu. Watu wako hawahesabu kilicho hai, kwa sababu anayekihesabu anakionyesha kwa mauti. Na ukitaka kujua ujinga wa kusoma ulivyo, hata bibi yangu mwenyewe kule Suguti alinipiga kofi nilipohesabu ndama. Nililikumbuka kofi lile hapo hapo kwenye foleni, shavu likawa la moto.

Niliiacha ndoo. Mpaka leo sijui nani anaitumia.

Bunda nilifika mchana. Sikuchukua fomu wala kalamu. Waithira alikuwa nyuma ya ghala anatoa mawe kwenye mahindi ya msaada, na aliponiona alihama kidogo ili asinitazame. Nikakaa chini, na blauzi yangu na vifungo vyake, nikachota mahindi nikaanza kuchambua. Mikono yangu ilikuwa inajua, wewe uliifundisha. Halafu nikasema maneno uliyonilazimisha kuyajua kabla ya maneno yote, ukisema kuwa karani asiyeweza kuyasema hafai: "Nindahitia, cucu." Nimekosa, bibi.

Akaendelea na mawe yake. Nikadhani hakunisikia. Kisha akasema, "Ii, mwari." Ndiyo, binti.

Mwari! Nilitamani kuruka, lakini nilibaki nimekaa. Nikamwomba aniambie wajukuu wake ni nani na nani. Si wangapi. Ni nani.

Akawaita. Akamshika mvulana mkubwa kichwani akasema huyu ni Kariuki, ni wa mume wangu. Akamshika msichana akasema huyu ni Waithira, na akajigusa kifuani. Akamshika yule mdogo mwenye kamasi akasema huyu ni Ndung'u, ni wa baba wa mama yao. Alisema taratibu, kama anayeweka vyombo kabatini.

Nami nikaona, Bibi! Niliona kabisa! Kwa sababu lile nalo ulikuwa umenifundisha, siku moja ulipokuwa na huzuni. Ulinieleza kwenu mtoto haitwi jina la kuokota. Mvulana wa kwanza ni babu mzaa baba, msichana wa kwanza ni bibi mzaa baba, wa pili wanakwenda upande wa mama. Ulisema kwa kina Magoti majina yalitolewa na wazee wao kwa desturi yao, na wewe ulikuwa mgeni, ukanyamaza, kwa hiyo hakuna mjukuu aliyekuja na jina lako. Niliandika desturi ile kwenye daftari chini ya kichwa "Urithi" nikaisahau. Na sasa ilikuwa imesimama mbele yangu inapenga kamasi. Wale watoto walikuwa na cheti cha kuzaliwa. Walikuwa wanakiitikia kila wanapoitwa!

Alhamisi asubuhi nilimvamia Afisa kabla hajakaa. Nikamwambia ninaomba maelezo yachukuliwe upya, na safari hii bibi akae mlangoni, watoto wakae mwisho kabisa wa ghala na karani mwingine, wasisikilizane. Akaniambia nina mambo mengi. Nikamwambia ndiyo, ninayo. Akatazama saa, akatazama zile nyuzi za pamba kwenye koti lake, akasema, "Haya, fanya haraka."

Tukamuuliza Waithira jina la marehemu mumewe. Kariuki. Jina lake mwenyewe. Waithira. Baba wa mkwewe. Ndung'u, akataja na kijiji chake. Halafu nikaenda kule mwisho nikamuuliza mvulana babu zake, akawataja, Kariuki na Ndung'u, akaeleza na yeye amebeba jina la yupi na mdogo wake la yupi. Kisha nikaomba aitwe mzee mmoja aliyetoka upande mwingine kabisa, asiyeijua familia hii, aeleze kwao watoto wanapewaje majina. Mzee akaeleza, nami nikatafsiri, na Afisa akawa anaandika.

Akaweka zile karatasi pamoja. Akasoma moja, akasoma nyingine, akarudi kwenye ya kwanza. Nilikuwa na maneno kumi ya kuongeza. Nilikuwa nayo mdomoni kabisa. Nikakukumbuka, nikayameza yote. Bibi, niliweza kunyamaza! Ungeona ungewaita majirani.

Afisa alikuwa amesimama. Akakaa. Akasema polepole, si kwangu wala kwa mtu, "Basi cheti ndicho hiki."

Kihooto. Nimekiona kwa macho yangu, sikuambiwa.

Ila fomu bado ilitaka idadi. Nikamweleza kwa nini bibi hakujibu Jumanne, na kwamba kosa lilikuwa langu, liandikwe langu. Akanitazama, akasema, "Kumbe? Hata mama yangu kwetu alikuwaga hivyo. Ukimuuliza ng'ombe wangapi anakuambia nenda zizini." Akaandika tarakimu yake huku ameifunika kwa kiganja, akaigeuza karatasi, na Waithira akaweka dole gumba bila kuiona.

Ikabaki sehemu ya mkalimani. Wewe hujui, ila mkalimani naye huapishwa, na huulizwa lugha ameitoa wapi. Mahakamani miaka yote niliwasikia wakijibu "nyumbani", ikaandikwa nyumbani, ikaisha. Afisa akauliza bila kuinua kichwa, "Lugha umejifunza wapi?"

Nikasema nimefundishwa na Wangari binti Kamau, wa Butiama.

Akasema rudia. Nikarudia. Nikamtajia herufi moja moja, na nilisimama juu yake mpaka akamaliza ya mwisho. Kwa wino, Bibi, kwenye jalada la serikali. Si mjane wa. Si na mke. Wangari binti Kamau.

Hapo niliomba ruhusa nikatoka nje.

Jana lori liliondoka, na sisi tulikuwa tumekaa kwenye magunia tukilitazama linavyotimua vumbi kuelekea barabara kuu. Kariuki alilipungia mkono, mtoto huyo hana kinyongo. Waithira akaniuliza yule niliyemtaja mezani ni nani wangu. Nikamweleza yote, maharage, kuku, kuahirishwa kwa kesi. Alicheka kwa mara ya kwanza, hana meno ya mbele kama wewe. Akauliza kama umezikwa kwa watu wako. Nikasema hapana, kwa watu wa mumeo. Akauliza nani amebeba jina lako. Nikasema hakuna. Akawageukia wajukuu akawaambia kitu kwa haraka nisichokipata, na mmoja baada ya mwingine wakasema: Wangari. Wangari. Yule mdogo alilisema na mahindi mdomoni, likatoka nusu, akaambiwa amalize kutafuna alirudie.

Jumamosi ijayo nitawaleta Butiama uwaone. Mwanao nimeshamwambia, amesema atatoa maharage. Waithira anataka kuona kigoda chako, na nadhani yeye akikikalia hutakasirika.

Sasa nikuage, maana upepo umeshinda kikombe. Ofisini wananidai ripoti, wanataka niandike nimehudumia watu wangapi. Nimewaandikia majina, kurasa kumi na moja, na mkuu wangu amelalamika kuhusu karatasi. Kuhusu kuku, mshtakiwa ameliwa, hakimu amelala, na shahidi alikuwa hajui lugha. Hata hivyo mimi nimebaki, kwa hiyo kesi inaendelea.

Na ahadi yangu ni hii. Kwenye kitabu cha mazishi cha kijiji wewe umeandikwa namba, niliiona nilipokwenda kuchukua kibali. Ile namba sitaitamka. Lakini kila nitakapoapishwa, mbele ya yeyote, nikiulizwa lugha hii nimeitoa wapi, nitalitaja jina lako lote, na nitasimama pale pale mpaka waliandike.

Lala salama, Wangari binti Kamau.

Karani wako,
Perpetua